Ubupfura kwa Kiswahili

Nimekwisha kukabidhi kiti changu, na vijana niliowaacha ofisini Biharamulo wamenibana niwaandikie kidogo kuhusu kazi ya ukalimani ilivyokuwa tulipoianza. Nadhani walitaka maelekezo. Maelekezo ni machache: kaa kando ya anayesema, usikae mbele yake; sikiliza mpaka sentensi iishe; usinywe chai nyingi kabla ya kikao kirefu. Mengine yote nilifundishwa na watu, na baadhi yake nilifundishwa na neno moja ambalo nilitembea nalo miaka yote ya wakimbizi nisijue pa kulitua. Neno lenyewe ni ubupfura.

Mimi ni mzaliwa wa Nyakisasa, huko Ngara, karibu na mpaka wa Burundi. Nyumbani tulisema Kihangaza, Kiswahili tukakipata shuleni, na Kirundi sikufundishwa na mtu kwa kuwa Kihangaza na Kirundi ni ndugu wa tumbo moja. Ukikijua kimoja, cha pili unakisikia tu, kama mtu anayezungumza chumba cha pili mlango ukiwa wazi. Hiyo ndiyo sifa iliyoniajiri. Watu walipoanza kumiminika kutoka ng'ambo ya mpaka, na mashamba ya upande wetu yakageuka mji wa maturubai, walitafutwa vijana waliomaliza kidato cha nne wanaojua lugha zote tatu. Nilikuwa nyumbani napalilia maharage. Nikaacha jembe kwenye tuta.

Siku ya kwanza nilipewa buti za mpira zilizonizidi miguu na mwavuli uliovunjika kijiti kimoja, nikaambiwa nimfuate mwanamke mfupi aliyefunga kitambaa cheupe kichwani. Huyo alikuwa Mwalimu Spesioza. Alikuwa mkimbizi yeye mwenyewe. Kwao Burundi alifundisha shule ya msingi, na Kiswahili alikiokota sokoni Bujumbura. Nilimwamkia shikamoo, akaitikia marahaba kwa haraka kama mtu anayepokea chenji. Akaniuliza kama najua Kirundi. Nikasema najua. Akasema tutaona.

Wiki ile wakubwa walitaka kila mtaa wa kambi uchague kiongozi wake. Tangazo lilitolewa kwa Kiswahili, kwa kuwa Kiswahili cha sokoni wengi walikuwa nacho, na kipaza sauti alipewa mwenzangu mmoja ambaye simtaji jina kwa sababu bado tunasalimiana. Kwetu herufi r na l hukaa kiti kimoja kwa zamu. Mwenzangu alizunguka kambi nzima akiwatangazia watu kwamba kesho asubuhi kila mtu mzima afike uwanjani kwa ajili ya kula.

Asubuhi walifika, na sahani zao. Wengine walibeba mabakuli, wengine vifuniko vya sufuria. Ilibidi tuwaeleze kwamba hakuna chakula, kuna viongozi wa kuchagua. Hakuna aliyecheka, maana njaa ilikuwa ya kweli. Watu waliguna, wakakaa chini kusubiri hayo mengine. Lakini mzee mmoja aliyevaa koti jeusi lililopauka mabegani alikuwa na bakuli nyuma ya mgongo wake. Aliposikia maelezo, bakuli lile liliingia chini ya koti, akalibana kwa kwapa. Akasema kwa sauti ya chini kwamba yeye alielewa tangu jana kuwa ni uchaguzi, na ndicho kilichomleta. Alipanga foleni, akachagua, akaaga, akaondoka akitembea polepole, mkono mmoja umeganda ubavuni.

Mwalimu Spesioza alimsindikiza kwa macho. "Umemwona yule?" akaniuliza. "Yule ni imfura."

Nikashangaa, maana kwetu imfura ni mtoto wa kwanza kuzaliwa. Akasema ndiyo, ni huyo pia. Tukiwa tunarudi ofisini akanipangia maana zake moja baada ya nyingine, kwa sauti ya ubaoni. Imfura ni kifungua mimba. Kisha ni mtu aliyezaliwa katika nyumba kubwa. Kisha ni mtu yeyote, wa nyumba yoyote, ambaye nafsi yake ni laini na mwenendo wake umenyooka: hasemi kwa kelele, hali chakula akiwa amesimama, hatangulizi mkono mezani, na uchungu wake haumwagiki juu ya watu wengine. Hali hiyo ndiyo ubupfura. Wenyewe wana msemo kwamba imfura hutembea kwa madaha hata anapokuwa anakwisha.

Nikamwambia ni neno zuri. Akasimama njiani. Akasema bibi yake mzaa baba aliwachotea maji watu walioitwa imfura kwa sababu ya kuzaliwa tu, na walimpokea mtungi pasipo kumtazama usoni. Neno hilo lina mlango, akasema, na bibi yake alibaki nje ya mlango. Tangu siku ile nilijua kwamba mwalimu wangu analichukia neno ambalo yeye mwenyewe, kwa kila alichokifanya, lilimfaa. Sikumwambia. Hakuwa mtu wa kuambiwa mambo ya namna hiyo.

Alinifundisha kazi kwa kunisahihisha mbele za watu. Nakumbuka zaidi siku moja kwenye hema la zahanati. Mama mmoja kijana alikuwa amemleta mtoto wake, na mganga akauliza kupitia kwangu kama nyumbani wana shida ya chakula. Mama akajibu, "Turiho." Nikafasiri sawasawa: tupo. Ni jibu ambalo mtu wa kwetu hulitoa hata nyumba ikiwa inaungua. Mganga alikuwa tayari anamwita mgonjwa mwingine. Mwalimu Spesioza, aliyekuwa benchi la pili akingoja zamu yake, akaomba ruhusa ya kuuliza swali moja. Akamuuliza yule mama jana walipika nini. Mama akainama. Akasema jana sufuria ilikuwa kwa jirani. Na juzi? Juzi pia ilikuwa kwa jirani.

Mtoto alilazwa, akapona. Nje ya hema mwalimu aliniambia nisimuulize mtu wa namna ile kama ana njaa, maana nitakuwa namwomba avue nguo. Nimuulize habari za sufuria. Sufuria haina aibu. Vijana wangu, hilo ni elekezo la nne, na ndilo bora kuliko yale matatu ya mwanzo.

Baada ya muda nilihamishiwa ofisi iliyoshughulikia watoto waliopotezana na ndugu zao. Mkuu wetu pale alikuwa Bwana Shaaban, mtu wa pwani, upande wa Pangani, mrefu, mwenye kuvaa kandambili hata kwenye matope ya Ngara. Baridi ya kwetu ilimtesa, alivaa sweta mbili. Kwa Kiswahili chake sisi wote tulijiona kama tunaongea na mawe mdomoni. Lakini hakuwa mtu wa kudharau. Alipenda maneno, na mara nyingi tukisubiri gari barazani aliniuliza hili kwa Kirundi ni nini, na lile ni nini. Ndipo nikamtwisha na yeye mzigo wangu. Nikamweleza ubupfura kama nilivyoelezwa, nikamwomba anipe neno la Kiswahili.

Alilichukua kama kazi. Siku hiyo alijaribu adabu, akaikataa mwenyewe: adabu ni ya watoto, na huja na fimbo. Kesho yake akaja na ustaarabu, akalitua pia, akisema hilo linamtaka mtu afanane na wageni. Akafikiri uungwana. Hilo lilikaa siku kadhaa, na mimi nililipenda. Kisha akanieleza kwamba zamani kwao mwungwana alikuwa yule asiye mtumwa, na kwamba anajua mitaa ambako watu bado wanakumbushana nani alikuwa nani. Nikamwambia basi hilo nalo lina mlango. Akasema ndiyo, na mlango wenyewe ni wa nakshi.

Mwisho alinipa murua. Alisema bibi yake alilitumia kwa maana ya mwenendo mwororo usiojionyesha, mtu anayeingia chumbani na chumba kikatulia. Nililipeleka kwa Mwalimu Spesioza kwa furaha. Akauliza si ndilo neno ambalo vijana wa magari hulitumia kusifia pilau? Nikakubali ndilo. Akasema basi limepoa.

Hivyo tukaendelea bila neno, na kazi ilikwenda, kwa sababu kwa kawaida mtu hahitaji kulisema neno hilo. Hulitenda tu, na wewe unafasiri mengine.

Shauri la Odeta lilitufikia msimu wa maharage. Odeta alikuwa msichana wa darasa la pili katika kijiji cha Ntobeye, akilelewa na mjane aitwaye Pelagia. Pelagia hakuwa na mtoto. Wakati wa ule msafara wa kwanza wa watu kuvuka mpaka, kundi moja lilipumzika kwenye migomba yake, na lilipoondoka liliacha kitoto kinachochemka homa. Aliwakimbilia barabarani. Wakamwambia si wa kwao, walimkuta njiani. Pelagia akarudi naye, akamkanda, akamnywesha uji kwa kidole, na baadaye akamwandikisha shule kwa jina ambalo mtoto alijitaja mwenyewe. Kisha parokiani lilisomwa tangazo kwamba wenye kukaa na watoto waliopotea wafike ofisini kwetu wapigwe picha, ili ndugu wakiwapo waone. Wengi walikaa kimya. Pelagia alikuja kwa miguu, amemvika mtoto sare ya shule iliyopigwa pasi. Picha ikabandikwa ubaoni kambini pamoja na nyingine.

Ilikaa pale muda mrefu hadi jua likaichuja rangi. Siku moja bibi kizee aliyekuwa ndiyo kwanza amefika kutoka upande mwingine wa mpaka alisimama mbele ya ubao, akakaa chini. Jina lake Veneranda. Hakupiga yowe. Watu walidhani amechoka, wakampa maji. Alikunywa, akashukuru, akawaomba wamwonyeshe ofisi iko wapi.

Alikuwa bibi mzaa mama wa Odeta, na katika nyumba yao walibaki wao wawili. Hilo lilithibitishwa mapema. Alitueleza, kabla hajaonana na mtoto, kwamba Odeta alizaliwa na kidole kidogo cha ziada mkono wa kushoto, na kwamba yeye mwenyewe alikifunga uzi kikaanguka. Pelagia alipoulizwa peke yake kama kuna alama yoyote kwenye mkono wa mtoto, angeweza kusema hajaona kitu. Alisema kuna kovu, akaonyesha mahali, pembeni ya kidole cha mwisho.

Kikao kilifanyika katika chumba chetu cha mabati. Bwana Shaaban alikaa nyuma ya meza na sweta zake. Wale wanawake wawili walikaa benchi moja, kwa kuwa hatukuwa na la pili, na mimi nikakaa pembeni mwa Bibi Veneranda. Odeta alikuwa nje na Mwalimu Spesioza, ambaye siku hiyo hakuwa na zamu na alikuwa akimfundisha wimbo wa kuhesabu.

Bwana Shaaban aliwaeleza utaratibu. Undugu umethibitika. Sasa anataka kusikia kutoka kwao, ili aamue mtoto akae na nani. Akamwanza Bibi Veneranda: je, anataka kumchukua mjukuu wake?

Bibi alijitengeneza shuka begani. Akasema mtoto ni wa Pelagia. Yeye ndiye aliyemkuza, na mkono unaolisha ndio wenye mtoto. Yeye Veneranda ni kizee asiye na hata mkeka, atasema nini?

Nikafasiri. Bwana Shaaban akaandika. Akamgeukia Pelagia: je, yeye anataka kuendelea kumlea?

Pelagia akasema mtoto ni wa bibi yake. Yeye alimhifadhi tu, kama mtu anavyohifadhi mbuzi wa jirani aliyepotea, na mwenyewe akija mtu humpa mbuzi wake. Yeye ni nani hata aweke neno?

Hilo alilisema kwa Kiswahili, halikuhitaji mimi. Bwana Shaaban akarudi tena kwa bibi, kwa maneno mengine, akajibiwa yale yale kwa upole zaidi. Akarudi kwa Pelagia. Pelagia akazidi kushuka: nyumba yake inavuja, hajui kusoma, mtoto anastahili watu bora. Kila mmoja alikuwa akimsukumia mwenzake kile alichokitaka kuliko kitu chochote duniani, kama watu wawili wanaopishana mlangoni, tafadhali tangulia wewe, hapana, wewe. Nilikuwa naona vidole vya Pelagia vikifinyana chini ya kanga. Bibi yeye hakusogeza kitu.

Bwana Shaaban aliweka kalamu chini, akasugua paji la uso. Akaniambia, kwa Kiswahili cha haraka, kwamba anasikitika lakini sheria yake iko wazi. Mtoto ambaye hakuna mtu mzima anayemwomba hupelekwa makao ya watoto, na makao yenye nafasi yako mkoa mwingine. Gari lingekwenda wiki hiyo.

Mkalimani hana maoni. Hiyo ni kanuni, na mimi huwafundisha hivyo hadi leo. Lakini kuna njia ya halali: unaomba ruhusa ya kusema kwa kinywa chako, unawaambia pande zote kwamba sasa unasema wewe, kisha unarudi mahali pako. Nikaomba ruhusa, kwa lugha zote mbili. Nikamwambia Bwana Shaaban kwamba lile neno tulilokuwa tukilitafuta barazani, basi limekaa pale mbele yake kwenye benchi, mara mbili.

Alimtazama mmoja, akamtazama mwingine. Akasema kwao pia mgeni akikaribishwa chakula husema ameshiba na tumbo linanguruma, hilo analijua tangu utotoni. "Lakini Bi Anatolia," akasema, "mimi sijapata kuona mtu akimkataa mtoto kwa heshima. Na hata nikiiona, siwezi kuiandika. Lazima mmoja wao aseme anamtaka."

Akaahirisha kikao hadi watu wanywe uji. Lilikuwa jambo jema, hakulazimika.

Nje nilimsimulia Mwalimu Spesioza kilichotokea. Akakaza uso. Akasema, neno hilo tena. Akamwacha mtoto kwangu, akaenda moja kwa moja kwa Bibi Veneranda aliyekuwa amekaa kwenye jiwe na kikombe cha uji ambacho alikuwa hajakigusa. Hakuwa kazini, kwa hiyo hakuvunja kanuni yoyote. Alipiga goti, kama inavyopasa mbele ya mzee, lakini aliyoyasema hayakuwa ya kupiga goti.

"Mukecuru, watu wa mle ndani hawamjui imfura," akasema. "Wanamjua anayetaka. Ukinyamaza kwa heshima, mtoto atakwenda mbali na wewe na mbali na yule mama, na heshima yako utalala nayo peke yako."

Mukecuru ni bibi kizee, na ni jina la heshima. Bibi alimtazama. Akamuuliza yeye ni binti wa nani. Mwalimu akamtajia jina la baba yake na la babu yake, na jina la kilima chao. Sidhani kwamba majina yale yalikuwa makubwa. Bibi akaitikia kwa kichwa, akasema amemsikia. Kisha akanywa uji wote.

Tuliporudi ndani Bwana Shaaban aliuliza swali lake la kwanza kana kwamba hajawahi kuliuliza. Bibi Veneranda alisimama. Hakuna aliyemwambia asimame. Alishusha shuka kutoka begani, akaikunja, akaiweka kwenye benchi, akabaki na gauni lake lililotoboka mikononi, nasi tukamwona alivyokonda.

"Ndamushaka," akasema.

Nikafasiri: namtaka. Kwa Kiswahili ni neno jepesi, mtoto hulisema kila siku dukani. Yeye lilimtoka kama jino. Kisha akamgeukia Pelagia, akamwambia, "Umbabarire."

Hilo Pelagia alilielewa bila mimi, lakini mkalimani hufasiri kila kinachosemwa ndani ya chumba. Nikasema, anamwomba msamaha kwa kumtaka mjukuu wake. Bwana Shaaban aligeuza uso dirishani. Kisha akamuuliza Pelagia, naye je?

Pelagia alikuwa akilia, lakini sauti yake ilikuwa imara. "Na mimi namtaka," akasema. "Tangu siku ya kwanza namtaka. Andika hivyo, halafu umpe bibi yake."

Iliandikwa hivyo. Odeta akapewa bibi yake. Kilichofuata ni kwamba Pelagia aliinama, akavuta kutoka chini ya benchi kikapu ambacho hakuna kati yetu aliyekitilia maanani. Ndani yake mlikuwa na nguo zote za mtoto, zimefuliwa na kukunjwa, daftari zake, na kikombe chake cha bati. Alikuwa amekuja nazo asubuhi.

Odeta alilia siku nyingi, hilo lisipambwe. Alitoroka kambini mara kadhaa, akakutwa yuko njia ya Ntobeye. Bibi hakumchapa. Ulipofika msimu wa kuvuna alimpeleka mwenyewe kwa Pelagia, wakakaa wote wawili huko hadi maharage yakaisha kupurwa, na tangu hapo ikawa desturi. Pelagia naye siku za gulio alileta ndizi. Wanawake wale wawili sikuwasikia hata mara moja wakilitaja lile shauri. Walikaa wakimenya, wakizungumzia mvua.

Mwalimu Spesioza alirudi kwao mapema kuliko wengine. Tuliagana kwenye lori. Nilitaka kumwambia nililokuwa nimelizuia tangu siku ile ya bakuli, nikamwambia kwamba yeye kwangu ni imfura kuliko wote niliowaona. Akasema nina Kirundi kibovu. Alikuwa anatabasamu, na hiyo ilikuwa nadra. Nilipata habari baadaye kwamba amerudi darasani.

Bibi Veneranda na Odeta waliondoka kambi ilipokuwa inafungwa. Mimi nilihamia Biharamulo, nikafasiri mashauri ya mipaka ya mashamba na ng'ombe waliokula mihogo, Kisubi na Kizinza nikivichuma humo humo barazani. Ni kazi nzuri. Mtu aliyeliwa mihogo yake hafichi anachokitaka.

Miaka ikapita. Siku moja nilipigiwa simu na Pelagia. Alisema ana wageni wanakuja kutoka Burundi na angependa niwepo, kwa ajili ya lugha. Nikamwambia lugha hiyo anaijua kama mimi. Akasema nije tu.

Nikaenda Ntobeye. Odeta alikuwa mwanamke mzima, mtulivu, na mkono wake wa kushoto alikuwa ameukalia kidogo kuficha lile kovu, kama alivyofanya utotoni. Alikuja na mchumba wake na mjomba wa mchumba, aliyekuwa msemaji wa ukoo. Bibi Veneranda alikuwa ameshafariki. Walitueleza kwamba kabla ya kufa aliwaagiza jambo moja: siku Odeta atakapoposwa, kitenge cha mama wa binti kisitolewe kwa shangazi yeyote wa ukoo kule, kivushwe mpaka, kiletwe kwa Pelagia. Shangazi hawakufurahi, akasema msemaji, lakini agizo la marehemu ni agizo.

Zawadi kama hiyo ina taratibu zake, na wageni walizitarajia. Msemaji hutoa hotuba. Mpokeaji hukataa, husema yeye ni nani hata apewe. Husihiwa. Hukataa tena. Mara ya tatu huipokea huku akitazama pembeni, kana kwamba ni watu wengine wanaoihitaji. Nilijiweka sawa kwenye kiti, maana ni jambo zuri kulitazama likifanywa na anayelijua, na hakuna niliyemjua aliyelijua kama Pelagia.

Msemaji alianza na mito, akaingia kwenye madaraja. Pelagia aliinuka. Alivuka chumba, akakichukua kitenge kutoka mikononi mwake kwa mikono yake yote miwili, akakifunga palepale juu ya kile alichovaa, akaenda kukaa karibu na Odeta.

Msemaji alikuwa hajafika hata nusu ya hotuba yake. Alinitazama mimi, kana kwamba kuna kitu cha kumfasiria. Hakikuwapo.